Somo Alilala Chumba cha Pili

Somo alikuwa akilala chumba cha pili. Tukizungumzia mafunzo ya kale ya mwanamke wa Pwani, jambo hilo ndilo tunalolisahau upesi. Siku saba za fungate, bwana na bibi harusi wakiwa wamefungiwa ndani, yule mama aliyemfunda bibi harusi hakurudi kwake. Alikuwa humo humo nyumbani akichemsha maji ya kuoga, akipika uji, akifukiza udi, huku masikio yake yakiwa wazi. Bwana akipaza sauti usiku, yupo wa kusikia. Mwari akitoka asubuhi macho yamemvimba, yupo wa kumuuliza kisa. Na siku ya saba alipofunga kibindo na kuondoka na doti yake ya kanga na ujira wake, aliondoka akijua kwamba ndoa ile ikiyumba atatafutwa yeye.

Nilimkumbuka Jumamosi moja nikiwa kwenye ukumbi wa Sinza, Dar es Salaam, nimevaa sare ya kitenge cha zambarau ambayo bei yake ilijumuishwa kwenye mchango wa kicheni pati. Kungwi aliingia saa mbili na nusu usiku kwa vigelegele, mkononi kipaza sauti kisicho na waya. Alisema kwa dakika arobaini hivi. Mume ni mtoto mchanga, alisema, hanyimwi na hakaripiwi. Simu ya mume ni nyoka, ukiishika usilie ukiumwa. Mke mwenye akili hamuulizi mume amelala wapi, humuuliza amekula nini. Ukumbi ukalipuka kwa vicheko, wengine wakaenda kumtunza noti za elfu kumi. Mshereheshaji akaisoma namba yake ya simu mara mbili ili tuinakili, na kabla ya saa nne kungwi alikuwa keshapanda gari kuelekea Tabata, alikokuwa akisubiriwa na ukumbi mwingine.

Bibi harusi wetu ni mhasibu wa miaka 31. Alikuwa ameishi na bwana harusi yule miaka mitatu, na mtoto wao wa mwaka na nusu alikuwa amelala juu ya viti viwili vilivyounganishwa, nyuma ya keki. Sote tulijua. Kungwi hakujua, wala hakuuliza, kwa sababu hotuba aliyokuja nayo haikuwa ya mtu huyu hasa. Ingemfaa yeyote aliyekaa kwenye kile kiti cha maua.

Kila nikisikia mabishano juu ya mafunzo ya bibi zetu, kama yanafaa zama hizi au yatupwe, naona pande zote mbili zinabishania maneno. Maneno yapo tele. Waliopotea ni wale waliokuwa wakiyasema na kubaki.

Mpepeo wa Siyu

Anayetaka ushahidi kwamba wanawake wa zamani walifundishwa utii mtupu hukimbilia Siyu, katika kisiwa cha Pate. Huko ndiko anakotajwa Mwana Kupona binti Msham, aliyemtungia binti yake, Mwana Hashima, utendi wa zaidi ya beti 100, mwaka 1858. Alikuwa mgonjwa, tena mjane. Mumewe, Bwana Mataka, mtawala wa Siyu aliyepambana kwa miaka na majeshi ya Seyyid Said wa Zanzibar, alikuwa amefariki miaka miwili kabla. Utendi unamtaka binti atafute radhi za watano: Mungu, Mtume, baba, mama na mume. Unamfunza asimwamshe mume kwa pupa anapolala, ampepee, amkande, asitoke bila idhini yake. Siku ya kiyama, unasema, radhi ya mume itakuwa na neno juu ya wapi mke ataelekea.

Wasomi wamevutana juu yake kwa miongo. Wapo wanaousoma kama hati ya kumfunga mke, na wapo wanaosikia kejeli chini ya upole wake. Mimi nimeusoma mara tatu katika umri tofauti, na mara ya tatu, nikiwa mama, nilimwona mama anayekufa. Anamwacha msichana asiye na baba katika mji uliozoea vita. Hana cha kumrithisha kinachoweza kumlinda kuliko nyumba ya mume mwenye nguvu, na ufunguo wa nyumba hiyo ni radhi. Anampa ufunguo alionao.

Ila tusisahau ni nyumba ya nani. Utendi huohuo unamwonya binti asichangamane na watumwa isipokuwa wakati wa kazi. Maana yake ni kwamba maji ya kisimani yalitekwa na mtu mwingine, na mtu mwingine alitwanga mchele. Mkono wa kushika mpepeo ulikuwa huru. Na katika nyumba za waungwana wa aina hiyo mume aliweza kuwa na masuria bila kuulizwa na mtu. Zanzibar ilipofuta utumwa mwaka 1897, masuria waliachwa nje ya amri ile hadi mwaka 1909. Mke wa mji wa namna hiyo, akifundwa kumtuliza mume, alikuwa akifundwa kulinda mkate wake na wa wanawe. Leo mafunzo hayo hayo anasomewa mwanamke anayeamka saa kumi alfajiri kuwahi daladala ya Mbagala, anayelipa nusu ya kodi ya nyumba na ada yote ya shule, kisha anaulizwa mbona hampepei mumewe.

Kulikuwa na mkondo wa pili, nao haukupita kwenye sebule za waungwana. Makungwi wa ngoma, wapigaji wa msondo, wengi walikuwa wanawake wenye asili ya bara, Wayao, Wamakua na wengineo, na baadhi yao waliletwa Pwani na visiwani utumwani. Hao hawakuwa na utendi wa kuandika kwa wino. Walikuwa na ngoma, na chumba kilichofungwa mlango, na ndani ya chumba kile mwari alifundishwa mwili wake mwenyewe: hedhi na usafi wake, kiuno na matumizi yake, shanga na lugha yake, kwamba shanga nyekundu zikiwekwa kitandani mume ajue mkewe yuko mwezini bila neno kutamkwa. Alifundishwa kumridhisha mume, ndiyo. Alifundishwa pia kwamba naye ana haki ya kuridhishwa, na hilo ndilo makungwi wa kumbini siku hizi hulipitisha kwa mzaha wa haraka ili watu wacheke.

Aliyeifanya ngoma hiyo ijulikane mbali ni Fatuma binti Baraka, Bi Kidude, aliyefariki tarehe 17 Aprili 2013. Dunia ilimjua kwa taarabu. Unguja, wanawake wengi walimjua kwa unyago. Na mwanamke huyo aliyefunda mabinti wa watu jinsi ya kukaa na waume, kwa simulizi zake mwenyewe, aliwahi kuikimbia ndoa. Sijawahi kuona kwamba hilo lilimpunguzia sifa mbele ya waliomwita. Labda walijua kuwa aliyewahi kutoka ndiye anayejua mlango ulipo.

Sisemi zamani zilikuwa pepo. Chumba cha pili kilikuwa na kazi nyingine isiyopendeza: asubuhi ya kwanza somo alisubiri kisarawanda, kile kitambaa cheupe, akitoe nje kwa vigelegele au akikunje kwa aibu. (Masomo wenye huruma, nilivyosimuliwa, hawakukosa namna ya kuokoa jahazi, na kuku wa nyumba ndio waliolipa.) Na waliofundwa mara nyingi walikuwa watoto. Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka 1971 iliruhusu msichana wa miaka 15 kuolewa kwa ridhaa ya wazazi, ilhali mvulana alitakiwa afike 18. Rebeca Gyumi alikwenda Mahakama Kuu kulipinga hilo akashinda mwaka 2016, Serikali ikakata rufaa, na Mahakama ya Rufani ikamthibitishia ushindi mwaka 2019. Mtu anayetaka kuturudishia mila zote kwa jumla aanze kwa kutuambia msichana wake wa darasa la saba atamweka wapi.

Mjomba wake anaitwa nani?

Lakini kuna sehemu moja ya mafunzo ya zamani ambayo kila nikizidi kukua naiona ina akili kuliko akili zetu, nayo ni ile iliyotangulia ndoa, wakati wa posa.

Katika Desturi za Wasuaheli, kitabu kilichochapwa Ujerumani mwaka 1903 kutokana na maandishi ya Mtoro bin Mwinyi Bakari, mtu wa pande za Bagamoyo, zimetajwa ada ambazo mposaji alitakiwa kuzitoa mbali na mahari: kilemba cha baba, mkaja na ubeleko wa mama. Tumezoea kuziona kama njia za kumkamua mtu. Tazama majina yake lakini. Mkaja ni nguo aliyojifunga mama tumboni baada ya kujifungua. Ubeleko ni nguo aliyombebea mtoto mgongoni. Kijana aliambiwa, kabla hajamchukua msichana, akumbuke kwamba kuna tumbo lililofungwa na mgongo uliochoka.

Na wakati kijana akijikusanya, upande wa msichana hawakulala. Barua ya posa ililetwa na mshenga, na mshenga hakuwa tarishi. Alikuwa mdhamini, mtu mzima mwenye jina lake mtaani, na ndoa ikiharibika jina lake lingechafuka pia. Majibu hayakutolewa siku hiyo. Waliomba muda, na muda huo shangazi na wajomba walitawanyika. Mmoja alikwenda msikitini au kanisani kwao kijana. Mwingine alikwenda kwa mwenye duka, ambaye daftari lake la madeni lilijua tabia ya mtu kuliko mama yake mzazi. Waliuliza: anafanya kazi gani, na akilipwa anaanza wapi? Akikasirika inakuwaje? Mama yake anazungumza naye vipi? Aliyekuwa naye kabla waliachana kwa nini?

Mimi sikuuliziwa hayo, kwa sababu nilikataa. Nilikuwa na miaka 27, na kazi, na chumba changu Kinondoni. Nikawaambia wa nyumbani Tanga kwamba mambo ya kuchunguzana ni ya kishamba. Mwanamume yule nilikuwa naye miezi kumi na minne. Nilijua timu yake, chai yake vijiko vingapi vya sukari, na mlio wa simu yake hata ikiwa chumba kingine. Siku moja nikapigiwa na mwanamke kutoka Morogoro. Alijitambulisha kwa jina la mtoto wake wa kwanza, Mama Fulani, akaniita mdogo wangu, akaniomba radhi kwa usumbufu. Adabu yake ndiyo iliyonimaliza. Walikuwa na ndoa ya miaka sita na watoto wawili.

Nilipokwenda Tanga kumlilia somo yangu, nilimkuta Ngamiani amekaa juu ya mbuzi anakuna nazi. Nilisimulia mpaka nikaishiwa. Hakunikatiza. Kisha akaniuliza swali moja tu:

"Mjomba wake anaitwa nani?"

Sikuwa na jibu. Akaendelea kukuna nazi.

Simsingizii mtu. Wanaume wa kuficha ndoa walikuwepo hata enzi za majahazi, mke Lamu na mke Zanzibar. Ila siku hizi mtu hujitengenezea jina, picha na asili akiwa kitandani na simu yake, na sisi tunajiona wajanja kwa kuwa tumesoma maelezo yake yote mtandaoni. Wasichana wa kazini kwangu wamegundua dawa yao. Nimeingizwa kwenye kundi la WhatsApp ambako mtu anaweka picha ya mwanamume na kuuliza, "Jamani, kuna anayemjua huyu?" Majibu huja upesi kuliko ya shangazi yeyote. Yupo aliyeokolewa na kundi hilo kutoka kwa mchumba aliyekuwa akichangisha mahari kwa wanawake watatu. Yupo pia kijana asiye na kosa aliyechafuliwa na mwanamke aliyemkataa, na mpaka leo picha yake inazunguka. Shangazi akisema uongo juu ya mtu alijulikana ni fulani binti fulani, na angeitwa barazani. Kundini hakuna baraza. Aliyesema anafuta ujumbe na kutoka.

Vumilia mpaka wapi?

Neno ambalo mabinti hawalitaki tena ni vumilia, na siwalaumu. Limetumika vibaya. Nimehudhuria mazishi ambako neno hilo lilistahili kushtakiwa.

Nilimwuliza somo yangu miaka ya mwisho kabla macho yake hayajapungua, kama alikuwa akiwaambia wari wake wavumilie. Alishangaa kwa swali. Alisema alikuwa akiwaambia wavumilie mvua ikivuja, kazi ikipotea, mama mkwe mwenye mdomo. Na ngumi je? "Ngumi," alisema, "nilikuwa nakwenda mwenyewe." Alikwenda, akakaa sebuleni na mkoba wake, na hakuondoka mpaka wazee wa mume waitwe. Mara mbili, alisema, alirudi na mwari wake. Kwake neno vumilia lilikuwa na mpaka, na mpaka wenyewe ulikuwa miguu yake yeye. Kungwi aliyelipwa kwa saa, ambaye usiku huo huo anawahi Tabata, akimwambia binti avumilie, anasema neno lisilo na mpaka kwa sababu yeye hatakuwepo.

Angalau angetaja sheria. Kifungu cha 66 cha Sheria ya Ndoa ile ile ya 1971 kinasema hakuna mwenye haki ya kumpiga mwenzake wa ndoa, mume au mke. Sheria hiyo ina zaidi ya nusu karne, na bado kwenye kumbi nyingi nilizokaa hoja ni jinsi ya kumzuia mume asikupige, kana kwamba ni mvua. Kifungu cha 69 kinamruhusu aliyeahidiwa ndoa kisha akaachwa kwenye mataa kwenda mahakamani kudai fidia. Na kifungu cha 160 kinamhusu bibi harusi wetu wa zambarau zaidi ya keki yake: mwanamume na mwanamke wakiishi pamoja miaka miwili au zaidi, na watu wakawajua kuwa ni mke na mume, sheria hudhani kuwa ni wanandoa mpaka ithibitishwe vingine. Mtaani hali hiyo tunaiita sogea tukae, tunaicheka, na nusu ya wanaoicheka wanaishi humo. Dhana hiyo hubadili mambo siku ya kugawana au kudai matunzo, na sijamsikia kungwi hata mmoja akiifundisha.

Kesi ambayo ningeifanya kuwa somo la kwanza la kila binti, mimi ningekuwa na kipaza sauti kile, ni ya Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, ya mwaka 1983. Hapo ndipo Mahakama ya Rufani ya Tanzania iliposema wazi kwamba kazi za nyumbani, kupika, kufua, kulea, ni mchango katika mali iliyopatikana ndani ya ndoa. Kabla ya hapo mwanamke aliyepika miaka kumi aliweza kuambiwa hakuchangia kitu. Kesi hiyo ina kisa chake cha uchungu: Bi Hawa mwenyewe hakuondoka na kitu, kwa kuwa mahakama iliona fedha ambazo mumewe alikwishampa kwa ajili ya biashara alizitapanya. Wanawake waliokuja baada yake wamevuna alichopanda. Kenya nao, katika Sheria ya Mali ya Wanandoa ya mwaka 2013, wakaandika kabisa kwamba mchango usio wa fedha, kama kazi za nyumbani na malezi ya watoto, unahesabika. Lakini Mahakama ya Juu ya huko ilitamka mwaka 2023 kwamba hilo halimaanishi nusu kwa nusu moja kwa moja. Kila mmoja aonyeshe alichochangia.

Kwa hiyo yule anayemwambia binti atunze nyumba amwambie pia atunze risiti.

Hata upande wa dini, ambao makungwi wetu wa Kiislamu huutegemea sana, kuna kurasa zinazorukwa. Mahari ni mali ya mke, si ya baba wala mjomba. Mke anaweza kuweka masharti katika mkataba wa nikahi. Akichoka kabisa, upo mlango wa kujivua, khului, anaporudisha alichopewa na kuondoka. Na huyo tunayemtaja kila siku kuwa mfano wa wake wema, Bibi Khadija, alikuwa mfanyabiashara mwenye mali zake, na posa ilianza upande wake: alimtuma rafiki yake kwenda kumpima Muhammad kama yuko tayari kuoa. Nikiliambia hilo kundi letu la WhatsApp, kunakuwa kimya kidogo.

Maana agizo kuu la siku hizi ni kwamba mwanamke asianze. Asimtumie ujumbe wa kwanza. Asijibu haraka, aache tiki za buluu zikae. Hayo yanauzwa kama hekima ya bibi, kwenye vikundi vya kulipia kwa simu, vyenye walimu wa mapenzi na masomo ya wiki nne ya kumfanya mwanamume akufuate. Bibi yangu hakuwa na simu. Ukiyachunguza vizuri, mengi yanafanana zaidi na kitabu cha Wamarekani wawili, Ellen Fein na Sherrie Schneider, waliochapisha kanuni zao mwaka 1995 na kuuza sana: usimpigie wewe, usikubali mwaliko wa dakika za mwisho, jifanye una shughuli. Mwaka 2001, kitabu chao juu ya kudumu katika ndoa kilipokuwa kikitoka, ndoa ya Fein ilikuwa inavunjika. Simcheki, ndoa huvunjika hata za masomo. Ninachosema ni kwamba ule ni mchezo wa watu wawili peke yao, kila mmoja akificha karata. Posa ya kina bibi iliendeshwa kwa kadamnasi. Msichana alinyamaza, kweli, lakini waliosema kwa niaba yake walikuwa kumi na wawili, na wote walikuwa wakipekua karata za yule kijana.

Kumnyamazisha msichana halafu kuwaondoa wale kumi na wawili ni kumwacha peke yake, mdomo umefungwa. Huko ndiko tuliko, kwa maoni yangu. Binti wa leo ameruhusiwa kujichagulia, jambo ambalo sitaki lirudishwe nyuma hata hatua moja, na papo hapo anafundishwa asiulize, asifuatilie, asishike simu. Kama hana shangazi wa kumuulizia na mwenyewe haruhusiwi kuuliza, nani atauliza?

Wapo wanaojaribu. Nina rafiki aliyeolewa Mwanza ambaye yeye na mumewe walichagua wasimamizi wa ndoa kwa makusudi, mtu na mkewe waliooana miaka 20, majirani wa nyumba ya tatu, na wakakubaliana kwamba kila baada ya miezi mitatu watakula nao na kuulizwa maswali. Anasema miezi mingine chakula hicho ni kigumu kumeza. Nina mwingine ambaye mshenga wake hupigiwa simu mpaka leo, mwaka wa kumi na moja, naye hulalamika kwamba hakulipwa vya kutosha.

Na nina binti wa dada yangu, mwuguzi hapa Dar, ambaye mwaka jana alitaka kuchumbiwa na kijana anayefanya kazi Dodoma, kwao Songea. Alimpeleka Tanga kumsalimu somo, ambaye sasa haoni vizuri na haendi popote. Kijana aliamkia vizuri, akaleta sukari na doti ya kanga. Somo akamshukuru, akazungusha vidole kwenye pindo la kanga, akamwambia angependa kuongea na mama yake. Kijana akasema mama yuko Songea. Somo akasema anajua, lakini amesikia simu za siku hizi zinaonyesha sura, ingawa sura yeye haioni.

Walimpigia. Somo aliongea na yule mama dakika hamsini, simu ikiwa imeegemezwa kwenye kopo la chumvi, na nyingi kati ya dakika hizo ziliishia kwenye bei ya mahindi Songea na bei ya nazi Tanga. Waliulizana magonjwa. Walicheka. Kijana alikuwa anajipangusa jasho kama aliyekaa jikoni. Simu ilipokatwa somo alisema kwao kuna kelele, ila ni kelele za watu wanaokaa pamoja.

Kisha akamgeukia binti, kijana akiwa ametoka nje kuvuta pumzi, akamwomba namba nyingine. Alitaka kuongea na yule msichana aliyekuwa mchumba wa kijana kabla yake.

Binti alikataa. Alisema hilo haliwezekani, ni aibu, watu hawafanyi hivyo tena. Somo hakubishana naye. Aliomba asaidiwe kwenda msalani, akarudi, akalala. Saa tano usiku, nikiwa Dar, niliona ujumbe wa binti ukiingia: "Mama mdogo, unaweza kumpatia somo namba hii? Mwambie aongee naye taratibu."

Namba yenyewe ilikuwa chini yake.